Shajara ya mradi: Tamthilia za Kituruki zilizobaki kwenye diski za VCD

Oktoba 2024: Lengo na mali iliyopo

Mradi huu unahusu masanduku ya diski za VCD yaliyowekwa juu ya kabati la jirani yetu wa ghorofa ya chini, hapa Üsküdar, upande wa Asia wa jiji la Istanbul. Marehemu mume wake alikuwa mtu wa kurekodi. Tamthilia za jioni alizirekodi kwanza kwenye kanda za VHS, na baadaye, mwanzoni mwa miaka ya 2000, alipopata kompyuta yenye kadi ya kupokea matangazo ya televisheni, alizihamishia kanda hizo kwenye diski na kuendelea kurekodi nyingine moja kwa moja. Mjane wake, ambaye jengo zima linamwita Teyze, yaani mama mdogo, ameitunza ile deki iliyozisoma, lakini trei yake ikishatoka hairudi mpaka isukumwe kwa kidole, na diski nyingi inazikataa. Ombi lake lilikuwa fupi: "Mwanangu, nataka kumwona tena Fiko kama tulivyomwona siku zile."

Fiko ni Fikret, yule baba wa mtaa wa Çengelköy aliyeigizwa na Şevket Altuğ katika *Süper Baba*, tamthilia iliyorushwa na kituo cha ATV kuanzia mwaka 1993 hadi 1997. Nilimweleza kwamba sehemu za tamthilia hiyo zinapatikana mtandaoni bila malipo, tena kwa kubonyeza mara moja tu. Alinijibu kwamba mjukuu wake alishamwonyesha, na kwamba ile si yenyewe. Naliandika jibu hilo hapa mwanzoni kwa sababu nataka kulipima kadiri kazi inavyoendelea, ili nijue kama ni ukiwa wa mtu aliyefiwa na mwenzake ndio unaosema, au kama kweli kuna kitu kwenye diski zile ambacho nakala za mtandaoni hazinacho.

Lengo la kazi ni kupata nakala kamili ya kila diski jinsi ilivyo, kisha nakala nyepesi ya kutazama, kisha orodha yenye kueleza kila diski ina nini na iko katika hali gani. Hakuna kitakachopandishwa mtandaoni. Tamthilia hizi zina wenyewe, na Sheria ya Hakimiliki ya Uturuki, namba 5846 ya mwaka 1951, inatoa nafasi ya kunakili kwa matumizi binafsi na si zaidi ya hapo. Mipaka hiyo inanitosha, kwa kuwa mtazamaji niliyenaye ni mmoja na anaishi chini ya sakafu yangu.

Kwa msomaji wa Dar es Salaam au Mombasa sidhani kama VCD inahitaji utambulisho mrefu. Aliyewahi kununua filamu za Bongo Kariakoo, zile zilizogawanywa sehemu ya kwanza na ya pili ili mteja anunue mara mbili, anaijua vizuri. Muundo huo uliwekwa mwaka 1993 na makampuni ya Philips, Sony, Matsushita na JVC, ukitumia diski ileile ya muziki ili kubeba picha. Huko Marekani na sehemu kubwa ya Ulaya Magharibi watu walitoka kwenye kanda wakaenda kwenye DVD bila kuugusa. Uturuki ilikuwa na njia yake. Hapa VCD ilienea kwa bei nafuu, ikauzwa vibandani, na magazeti yakazigawa diski za filamu pamoja na toleo la siku ili kuvutia wasomaji. Ndani ya masanduku ya Teyze zimo diski kadhaa za aina hiyo, za filamu za zamani za Yeşilçam, tasnia ya sinema ya Uturuki ya enzi hizo, bado zikiwa ndani ya bahasha zao za karatasi, na nyingine za dukani zikiwa na bandrol, ile stika ya kung'aa inayothibitisha kwamba nakala ni halali.

Mwishoni mwa Oktoba: Kuorodhesha

Nimezigawa diski katika mafungu mawili, zilizogongwa kiwandani na zilizochomwa nyumbani. Tofauti hiyo ina uzito kuliko jina lolote lililoandikwa juu ya diski. Diski ya kiwandani hubeba data kama vishimo halisi kwenye plastiki, vikafunikwa na utando wa alumini. Ikitunzwa vizuri hukaa miongo mingi. Diski ya kuchoma nyumbani haina vishimo. Data yake ni alama zilizopigwa na mwale wa leza kwenye tabaka la rangi ya kemikali, na rangi hiyo hufifia kwa joto, kwa unyevu na kwa mwanga wa jua. Tamthilia karibu zote zimo kwenye fungu hili la pili. Kwa hiyo filamu za Yeşilçam, ambazo hata hivyo zimehifadhiwa na wengine kwa ubora mkubwa zaidi, zitasubiri hadi mwisho.

Mwandiko wa marehemu ni wa mtu aliyezoea kujaza fomu. Kila diski ina jina la tamthilia, namba ya sehemu, na tarehe ya kurushwa, kwa kalamu ya wino mweusi. Bahati nzuri ni kwamba hakubandika lebo za karatasi ila kwenye chache za mwanzo. Gundi ya lebo hizo, baada ya miaka ishirini na kitu, imeanza kuvuta utando wa juu, na ukiinua diski moja kama hiyo mbele ya balbu unaona vitundu vya mwanga vimetoboka pembeni, karibu na ukingo, mahali ambapo mwisho wa sehemu umeandikwa.

Majina yaliyomo ni historia fupi ya televisheni ya nchi hii. Ipo *Perihan Abla* ya miaka ya 1986 hadi 1988, ya wakati ambapo Uturuki ilikuwa na shirika moja tu la utangazaji, TRT. Perran Kutman ndiye Perihan, na huyohuyo Şevket Altuğ ni mchumba wake Şakir. Ilipigwa picha Kuzguncuk, mwendo mfupi kutoka hapa nilipo, na mtaa ilikopigwa leo unaitwa rasmi kwa jina la tamthilia hiyo. Ipo *Bizimkiler*, iliyoanza mwaka 1989 na kumalizika 2002, kuhusu wakazi wa jengo moja la ghorofa, meneja wao mwenye amri nyingi na bawabu wao Cafer, aliyeigizwa na Ercan Yazgan. Vipo vipande vya *İkinci Bahar*, ambayo iliwakutanisha Şener Şen na Türkan Şoray katika mtaa wa Samatya kuanzia 1998, vya *Deli Yürek* ya mwaka huohuo, na vya *Asmalı Konak*, iliyoanza 2002 na kuwapeleka watu kwa mabasi hadi Ürgüp, huko Kapadokia, kwenda kulitazama jumba la wahusika wake wakuu, Seymen na Bahar. *Süper Baba* ndiyo nyingi kupita zote.

Nina maslahi yangu pia, na ni haki kuyataja. Mimi, kama wengi wa nyumbani, nilizijua tamthilia za Kituruki kupitia king'amuzi cha Azam, pale *Muhteşem Yüzyıl* ilipoingizwa sauti za Kiswahili na kuitwa *Sultan*. Ndugu zetu wa Maskati walianza mapema kidogo, mwaka 2008, kwa Kiarabu, wakati kituo cha MBC kiliporusha *Gümüş* kwa jina la *Noor*. Sote tulifika karamuni sahani zikiwa zimeshapangwa. Diski hizi zinaonyesha jikoni kulivyokuwa kabla ya wageni.

Novemba 2024: Kusoma diski

Kazi ya mwezi huu imekuwa ya mashine, na naieleza kwa urefu kwa sababu yeyote atakayejaribu kuokoa VCD za nyumbani kwake, ziwe za Kituruki, za harusi au za taarabu, atakutana na ukuta uleule.

Ukiiweka VCD kwenye kompyuta utaona mafolda kadhaa, na ndani ya folda iitwayo MPEGAV utakuta faili kubwa lenye jina kama AVSEQ01.DAT. Kila mtu hukimbilia kulivuta faili hilo na kulidondosha kwenye diski kuu. Diski ikiwa nzima, mara nyingine hufanikiwa. Ikiwa na mkwaruzo mmoja tu mbaya, unakili husimama katikati na kompyuta hutoa taarifa ya kosa la kusoma, na kwenye Linux hata diski nzima isiyo na kasoro huweza kukataa. Sababu yake imo ndani ya muundo wenyewe. Diski ya data hugawanywa katika sekta, na katika sekta ya kawaida kuna baiti 2048 za data zinazofuatwa na baiti 276 za urekebishaji, yaani hesabu za ziada zinazowezesha mashine kujaza pengo pale inaposhindwa kusoma vizuri. Wabunifu wa VCD walihitaji nafasi zaidi kwa ajili ya picha, wakaziondoa hizo baiti 276 na kuzigeuza kuwa picha, ndipo sekta ikabeba baiti 2324. Diski husomwa sekta 75 kwa sekunde, kwa hiyo kila sekunde ikapata takriban kilobiti 1394, ambazo 1150 ni za picha na 224 ni za sauti, na diski ya dakika 80 ikaweza kubeba karibu megabaiti 800 mahali ambapo data ya kawaida ingekomea 700 hivi. Ilikuwa biashara ya akili mwaka 1993. Hivi leo sisi ndio tunaolipa bei yake, kwa sababu kinga iliyobaki ni ile ya chini tu, inayotumika hata kwenye diski za muziki.

Njia ninayoitumia ni kutolinakili faili hata kidogo. Programu ya cdrdao inasoma diski nzima, sekta kwa sekta, zikiwa na baiti zake zote 2352 pamoja na vichwa vyake, na kuziandika kama faili moja kubwa lenye faili dogo la kueleza nyimbo, yaani mafungu ya data ya diski, zilivyopangwa. Sekta isiyosomeka haisimamishi kazi. Hujazwa chochote kilichopatikana na safari inaendelea. Baada ya hapo programu ya vcdxrip, iliyomo katika kifurushi cha VCDImager, hutoa mtiririko wa picha na sauti kutoka kwenye nakala hiyo bila kuigusa diski tena. Diski huzunguka mara chache iwezekanavyo, na hilo kwa diski dhaifu ni huruma.

Hasara ikitokea huonekana namna hii. Picha ya MPEG-1, mfumo wa kubana video unaotumiwa na VCD, haihifadhi kila fremu nzima. Huhifadhi fremu moja kamili, kisha kwa karibu nusu sekunde inaeleza tu kilichobadilika, kisha inaleta fremu kamili nyingine. Baiti chache zikipotea, uso wa mtu huvunjika kuwa miraba ya kijani na kijivu, miraba hiyo inamfuata akigeuka, halafu ghafla, fremu kamili inayofuata inapofika, uso unarudi kana kwamba hakuna kilichotokea. Katika sehemu moja ya *Bizimkiler* Cafer anapanda ngazi akiwa na kapu la mikate, na mikate imetawanyika kuwa miraba huku sauti yake ikiendelea kulalamika bila kukatika, kwa kuwa sauti imepata bahati ya kukaa kwenye sekta zilizopona. Sehemu hiyo nimeihifadhi ilivyo.

Desemba 2024: Vifaa

Viendeshi vya diski havifanani. Diski iliyokataliwa na kiendeshi chembamba cha nje, cha aina inayouzwa siku hizi, imesomeka vizuri kwenye kiendeshi kizito cha zamani kilichotolewa kwenye kompyuta ya mezani, na nyingine imefanya kinyume chake. Nimenunua viwili vya zamani huko Sirkeci, karibu na Doğubank, jengo ambalo kwa miongo mingi limekuwa soko la vifaa vya umeme. Diski zenye matatizo nazisoma kwenye kila kiendeshi, kisha programu ndogo niliyoandika inalinganisha nakala hizo sekta kwa sekta. Sekta zinazokubaliana zinapita. Zisizokubaliana zinaorodheshwa, nami naziangalia kwa macho.

Kusafisha ni kwa maji ya vuguvugu, tone la sabuni ya vyombo na kitambaa laini, kwa kufuta kutoka katikati kwenda ukingoni. Dawa za kung'arisha mikwaruzo sijazigusa.

Januari 2025: Urefu wa sehemu na urefu wa diski

Nimekamilisha *Süper Baba* zote zinazosomeka, na katika kuzijaza kwenye orodha nimeona jambo ambalo sikulitafuta. Kila sehemu ya tamthilia hiyo, baada ya marehemu kuyaondoa matangazo ya biashara, inaenea kwenye diski moja. Sehemu za *Perihan Abla* ni fupi zaidi, na mara nyingine ziko mbili kwenye diski moja. Nikifika kwenye rekodi za mwisho katika masanduku haya, za miaka ya 2003 na 2004, sehemu moja inahitaji diski mbili, na marehemu ameandika "1" na "2" na kuzizungushia duara.

Diski ya dakika 74 au 80 imekuwa kipimo cha tasnia nzima bila mtu kukusudia. *Aşk-ı Memnu* ya mwaka 1975, ile ya Halit Refiğ iliyomtambulisha Müjde Ar katika nafasi ya Bihter, ilikuwa na sehemu sita tu na hadithi ikaisha. *Aşk-ı Memnu* ya 2008, ya riwaya ileile ya Halid Ziya Uşaklıgil, ilikwenda sehemu 79. Katikati ya tarehe hizo kilitokea kitu kimoja kikubwa: ukiritimba wa TRT ulivunjika mwaka 1990, pale kituo cha Star kilipoanza kurusha matangazo kutoka Ujerumani kwa setelaiti, na vituo vya binafsi vikafuata kwa kasi. Kituo kinachoishi kwa matangazo ya biashara hugundua haraka kwamba ni nafuu kuurefusha usiku kwa tamthilia moja inayopendwa kuliko kulipia mbili, na hivyo dakika 50 zikawa 60, zikawa 90, na sasa sehemu moja ya wiki hupita saa mbili na hukaribia urefu wa filamu mbili. Mwaka 2010 waandishi, waigizaji na mafundi wa tasnia hiyo waliingia barabarani hapa Istanbul kulalamikia urefu huo, kwa sababu wao ndio wanaotakiwa kutengeneza kitu cha urefu wa filamu kila baada ya siku saba. Dakika hazikupungua.

Urefu hubadilisha uigizaji. Ukitazama *Süper Baba* baada ya kuzoea tamthilia za leo, jambo la kwanza unalolihisi ni kwamba watu wanajibizana. Fiko anaulizwa swali, anajibu, anatoka na mlango unafungwa. Hakuna kamera inayomzunguka mtu dakika nzima huku violini zikilia na kila aliyemo chumbani akipewa zamu yake ya kushtuka. Ile mitazamo mirefu ambayo sisi nyumbani tuliichukulia kuwa ndiyo hulka ya Waturuki, hata tukaiga kwa utani, ni kwa sehemu kubwa zao la saa za kujazwa. Hapa nadhani Teyze ana hoja yake ya kwanza, ingawa haihusu diski bali zama. Tamthilia anayoikumbuka ilikuwa na mwisho ndani ya saa moja, ukaweza kwenda kulala.

Nilikusudia kuziunga zile zilizogawanywa ili ziwe faili moja. Nilimwuliza kwanza. Alikataa. Alisema mahali ambapo diski ya kwanza inaisha ndipo mumewe alipokuwa akiinuka kuibadilisha na yeye akiinuka kumimina chai, na kwamba bila pale hajui atainuka wapi. Kwa hiyo nakala za kutazama zinabaki mbili mbili, na marehemu, ambaye alichagua mwenyewe pa kukatia, ameheshimika kama mhariri. Ni haki yake: katika rekodi nyingi hakukata pale diski ilipojaa, bali mwisho wa onyesho lililotangulia, akiiacha nafasi iliyobaki bure.

Februari 2025: Nakala za kutazama, na jibu la swali

Nakala ya kutazama inahitaji uangalifu kwenye umbo la picha. VCD ya PAL, mfumo wa televisheni unaotumika hapa, ina pikseli 352 kwa 288, na ukizionyesha hivyo hivyo, kila pikseli ikiwa mraba, watu wote wanakuwa wembamba na warefu. Picha hiyo ilikusudiwa kunyooshwa na deki hadi ienee kioo cha televisheni cha 4 kwa 3, kwa hiyo ninaweka maelezo ya uwiano ndani ya faili jipya badala ya kuinyoosha picha yenyewe, ili pikseli za asili zibaki kama zilivyo. Idadi hiyo ya mistari, 288, ni nusu ya mistari 576 ya televisheni. Kadi ya kompyuta ilichukua nusu moja ya kila fremu na kuitupa nyingine, na ndiyo sababu mwendo kwenye VCD una mkatiko kidogo ukilinganishwa na kanda ileile ikichezwa kwenye deki ya VHS. Chini kabisa ya picha zilizotoka kwenye kanda kuna utepe mwembamba unaotetemeka, mahali ambapo vichwa vya VHS vilikuwa vikipokezana. Televisheni za zamani ziliuficha nyuma ya fremu ya plastiki; kompyuta haifichi kitu. Nimeuacha.

Vijana wawili ninaofanya nao kazi walinishauri nizipitishe picha hizi kwenye programu za akili mnemba zinazokuza picha na kuisafisha. Nilifanya jaribio kwenye kipande kifupi, na matokeo yalinitosha kuamua. Uso wa Altuğ ulipata ngozi laini ya tangazo la mafuta, na mistari ya kipaji cha uso wake, ambayo kwenye VCD ni madoa matatu ya kijivu yanayoeleweka vizuri kuwa uchovu wa mzazi, ilifutwa kabisa kwa sababu programu iliyachukulia madoa hayo kuwa uchafu. Maandishi ya duka lililo nyuma yake yalibadilika kuwa herufi za lugha ambayo haipo. Programu haijui kilichokuwepo, inakisia kinachopendeza, na kazi ya kuhifadhi haina mahali pa makisio. Kwenye mradi huu haitatumika.

Kisha nikaketi kulinganisha. Nilichukua sehemu ambazo zipo kwenye diski na zipo mtandaoni pia, nikazicheza kwa pamoja, kioo hiki na kile. Kwa upande wa ukali wa picha mtandao unashinda bila ubishi, maana wenye haki wana kanda za studio. Lakini tofauti nyingine zipo, nazo zinaonekana kwa macho. Katika nakala moja ya mtandaoni picha imekatwa juu na chini ili ijae kioo kipana cha siku hizi, na kwa tendo hilo mikono ya watu waliokaa mezani imepotea. Unaona vichwa vinavyozungumza, huoni nani anamsogezea nani chumvi. Katika nyingine utangulizi umefupishwa, na wimbo wa kundi la Yeni Türkü, ambao kwa Teyze ndio *Süper Baba* yenyewe, umekatwa kabla ya beti kuisha. Muhtasari wa sehemu iliyopita umeondolewa.

Kwenye diski vyote hivyo vipo. Kipo pia kitu ambacho studio haikuwahi kuwa nacho, nacho ni jioni yenyewe. Marehemu alikuwa akisimamisha kurekodi pale matangazo ya biashara yanapoanza, lakini kidole cha binadamu huchelewa, na hivyo katika kila pengo kuna sekunde mbili tatu za tangazo la sabuni, la benki au la biskuti, kisha picha inaruka. Nembo ya kituo iko kwenye kona. Mara moja kuna mstari wa habari unaopita chini ya kioo. Kwa mtunzaji wa kumbukumbu hizi ni alama za tarehe zenye thamani, na nimeziingiza kwenye orodha pamoja na dakika zake. Kwa Teyze zilikuwa na kazi nyingine: tangazo la biskuti lilipokatika alicheka na kusema, "Hapo alikuwa amesinzia kidogo."

Kwa hiyo swali la Oktoba naliona limejibiwa. Nakala ya mtandaoni na nakala ya diski ni kazi moja katika matoleo mawili, na la pili lina mhariri wake, makosa yake na saa yake. Kusema "si yenyewe" ni maelezo sahihi ya toleo.

Machi 2025: Yaliyobaki

*Perihan Abla*, *Bizimkiler* na *Süper Baba* zimekamilika kwa kadiri diski zinavyoruhusu. Kila nakala ghafi ina alama yake ya uhakiki ya SHA-256, iko kwenye diski kuu mbili tofauti, na moja kati ya hizo inakaa kwa mtoto wa Teyze huko Bursa. Nakala za kutazama ziko kwenye kifaa kidogo kilichounganishwa na televisheni yake, chenye rimoti ya vitufe vichache.

*İkinci Bahar* inaendelea polepole kwa sababu baadhi ya diski zake si VCD halisi. Marehemu alijaribu SVCD, muundo uliotoka China mwaka 1998 ukitumia MPEG-2 na picha ya pikseli 480 kwa 576, wenye ubora mzuri zaidi lakini uliokula diski nzima kwa dakika 40 hivi. Picha hizo zina nusu zote mbili za kila fremu, kwa hiyo zinahitaji kutenganishwa mistari kwa uangalifu, kazi ambayo VCD haikunidai. Inavyoonekana aliacha jaribio hilo baada ya muda mfupi, na kutazama sehemu moja ya Şener Şen kwenye diski mbili zilizojaa hadi ukingoni kunaeleza sababu.

*Asmalı Konak* ina mapengo ambayo hayatazibika. Diski zake nyingi ni za chapa moja ya bei rahisi, na rangi yake imepauka hadi kufanana na maji ya chai ya mara ya pili. Nimepata mwanzo wa kila diski, kwa kuwa VCD huandikwa kutoka katikati kwenda nje na ukingo ndio unaokufa kwanza, kwa hiyo nina mianzo mingi ya sehemu na miisho michache mno. Teyze hakuhuzunika kama nilivyotarajia. Alisema mwisho wake aliuona kwenye sinema mwaka 2003, ulipotolewa kama filamu, na haukumpendeza.

Sanduku la *Deli Yürek* bado halijafunguliwa. Hiyo ndiyo inayotajwa kwa kawaida kama tamthilia iliyolianzisha wimbi la kuuza nje, iliponunuliwa na Kazakhstan mwaka 2001, na ningependa kuanza nayo kiangazi kabla joto la chumba halijapanda. Wakati huohuo natafuta kiendeshi kingine cha zamani, kwa sababu kimoja kati ya viwili vya Sirkeci kimeanza kutoa sauti ya kukwaruza kinapofika dakika ya sitini.